Ndizi, embe au tikiti: lipi linafaa kugandisha bila mashine ya aiskrimu?

MamaPacha: Habari zenu wapendwa. Joto limezidi, nataka kuwatengenezea watoto kitu baridi cha matunda. Nina blenda na friza tu. Juzi nilisaga tikiti, nikaliacha kwenye bakuli usiku kucha. Asubuhi lilikuwa jiwe, kijiko kilipinda. Nijaribu tunda gani?

BiZuhura: Pole mwanangu. Tikiti zaidi ya 90% ni maji, ukiliacha litulie ndiyo matokeo yake. Mimina kwenye sinia pana, kina kisizidi kidole kimoja. Kila nusu saa toa, kwaruza kwa uma ukianzia kingoni, maana ndiko kunakotangulia kuganda. Baada ya saa tatu hivi utapata chengachenga. Kamulia ndimu. Kwa kiu, hakuna kinachoshinda hiyo.

Jikoni_Daima: Shikamoo Bi Zuhura. Kwa watoto mimi nasema ndizi, tena zile zenye madoa meusi kwenye ganda. Menya kabla ya kugandisha, ukisahau utapigana na ganda kwa kisu. Kata vipande, viache vigande kabisa, halafu saga. Mwanzoni itakuwa kama mchanga na blenda itakwama. Usiongeze maji! Zima, sukuma kwa mwiko, endelea. Ghafla inalainika na kuvutika kama aiskrimu, bila sukari wala maziwa. Kasoro yake, iliwe papo hapo, na ukichanganya na tunda lingine ladha ya ndizi ndiyo inayotawala.

Mtulivu: Ukitaka ya kukaa siku kadhaa, embe. Nyama ya embe gramu 500, shira ya sukari gramu 100 na maji mililita 100 iliyopoa, ndimu moja. Watu hupunguza sukari wakidhani ni ya utamu tu, kumbe ndiyo inayozuia isigande jiwe. Onja kabla: iwe tamu kupita unavyopenda, kwa sababu baridi hufifisha utamu. Ikoroge mara tatu nne inapoganda.

MamaPacha: Nawashukuru wote, nimeelewa kosa langu. Na nanasi na maziwa?

BiZuhura: Nanasi lisilochemshwa na maziwa huwa machungu. Lichemshe kwanza, lipoe, ndipo uchanganye.

MamaPacha: Asante sana bibi. Ndizi sita zimeshaingia friza, pacha wanachungulia kila dakika.