Naomba ushauri: kumficha shahidi kwenye filamu ya uchunguzi

Habari zenu wakuu. Naomba msaada wa wenye uzoefu.

Nina mahojiano ya dakika 40 na shahidi aliyekubali kwa sharti moja: asitambulike kabisa. Uso nimeutia ukungu, lakini mikono, pete na namna anavyotikisa kichwa bado vinamfichua kwa anayemjua. Sauti niliishusha kimo, yaani kuifanya nzito zaidi, kwa nusutoni 4 (nusutoni ni hatua ndogo ya kimo cha sauti). Shida ni kwamba mtu akiipandisha kwa kiasi hichohicho, sauti halisi inarudi karibu yote, na lafudhi haijaguswa. Data za mahali na tarehe nimeshazifuta kwenye faili za kuhariri. Picha ghafi ziko kwenye diski mbili zilizosimbwa (hazisomeki bila nenosiri), kila moja mahali pake.

Sasa naegemea kumtumia mwigizaji asome maneno yake upya, picha ibaki kivuli tu, na maandishi yamweleze mtazamaji wazi kwamba sauti si ya shahidi.

Je, mwigizaji asome neno kwa neno, au misemo inayomtambulisha shahidi ibadilishwe bila kupotosha ushahidi? Na picha ghafi nimkabidhi nani, ili tukishtakiwa kwa kashfa tuwe na uthibitisho bila kumhatarisha? Usalama wake ndio unaoninyima usingizi.