Sheela wa Chemmeen: niendelee na ipi?

Swali:
Jana usiku nimemaliza filamu ya Chemmeen ya 1965, ile aliyoiongoza Ramu Kariat, na usingizi umenikataa. Karuthamma, yaani Sheela mwenyewe, anavyomtazama mpenzi wake Pareekutty, halafu macho anayashusha mchangani kama kaungua! Wajuzi wa sinema za Kerala, kule India, huyu Sheela alicheza nini tena?

Baraka_K:
Nyingi mno, ndugu yangu. Yeye na Prem Nazir wameigiza wapenzi kwenye filamu zaidi ya 100, na tusidanganyane, nyingine ni za kupitisha muda tu. Alishika uongozaji pia: Yakshagaanam, 1976. Hilo watu hulisahau.

Mama Zuu:
Tafuta Manassinakkare ya 2003, ya Sathyan Anthikad. Alikuwa amekaa kando miaka mingi, akarudi kama Kochuthresia, bibi tajiri aliyechoka kuchungwa na wanawe, anataka kutembea ajionee dunia. Kicheko ni kilekile cha ufukweni, mvi tu zimeongezeka.

Muulizaji:
Basi naanza na huyo bibi. Kimalayalam, lugha ya filamu hizi, changu chote ni neno moja, Kadalamma, mama bahari, kwa hiyo mwenye nakala yenye tafsiri chini ya picha anishtue.