Wigi la Setsuko katika Oh Lucy!: amejipata au amejidhalilisha?

Mwanzisha mada
Katika Oh Lucy!, filamu ya Atsuko Hirayanagi iliyooneshwa katika tamasha la filamu la Cannes mwaka 2017, Setsuko ni karani wa makamo anayeishi peke yake Tokyo, katika chumba kilichosheheni vitu. Anapoingia darasa la Kiingereza, mwalimu wake Mmarekani, John, anamvisha wigi la rangi ya dhahabu, anamwita Lucy na kumkumbatia. Mwalimu huyo anapoondoka kwenda California na Mika, binti wa ndugu yake Setsuko, Setsuko anawafuata. Mimi naona amejidhalilisha, kwani mtu wa umri wake alipaswa kuwa ameshatulia.

Mchangiaji, Mombasa
Ndugu yangu, suala la wigi nakuachia, maana huko kutulia ndiko kulikonichoma. Atulie wapi, na nani? Mwanzoni kabisa, kituoni, mwanamume asiyemjua anamnong'oneza kwaheri sikioni na papo hapo anajirusha mbele ya treni, kisha Setsuko anakwenda kazini kama kawaida, kwa watu wanaomsifu mstaafu machoni na kumteta kisogoni. Anayemgusa kwa upole ni mwalimu yule, na hata kipira cha tenisi ya mezani anachotiwa mdomoni ili alegeze matamshi anakipokea bila kubisha.

Mchangiaji, Morogoro
Dada, upweke hauhalalishi kila jambo. Huruma yangu iliisha pale garini, alipolala na John ilhali anajua kuwa ni mpenzi wa Mika, msichana aliyekuwa akimwendea yeye Setsuko kwa upendo. Kujitafuta kwake kumelipiwa na mtoto.

Mchangiaji, Mombasa
Mama wa mtoto huyo ni Ayako, ndugu yake Setsuko, ambaye zamani alimchukua mpenzi wa Setsuko akaolewa naye, lakini tangu tuanze hakuna aliyemwambia Ayako atulie. La garini silitetei. Ninachokataa ni mwenye ndoa kusamehewa kimyakimya huku asiye na ndoa akihesabiwa kila kosa.

Mwanzisha mada
Dada, mimi sikutaja ndoa. Nilisema umri, na kuhusu umri mbona hamumzungumzii Komori, yule anayeigizwa na Koji Yakusho? Naye ni mtu mzima, aliondokewa na mwanawe aliyejiua, na katika darasa lilelile alipewa jina la Tom, lakini hakumuumiza yeyote. Anayemtetea Setsuko kwa sababu ya upweke anieleze kwanza huyu aliwezaje.