Naomba ushauri: mwanachuoni wa sihiri ya wakati katika riwaya yangu ya Bagamoyo

Mwandishi wa Dunda:
Assalaam aleikum wanajukwaa. Ninaandika riwaya ambayo mhusika wake mkuu ni mwanachuoni wa kubuni, aliyeishi Bagamoyo katika karne ya 19 na kufariki muda mfupi baada ya Wajerumani kuhamishia makao makuu yao Dar es Salaam mwaka 1891. Mzee huyu alikuwa na elimu ya kuuchezea wakati: aliweza kuurefusha usiku, kuirudisha alasiri iliyokwisha pita na, akibanwa sana, kuisogeza mbele siku ya kulipa deni. Sura za maisha yake nimezimaliza. Inayonishinda ni ile ya urithi wake, kwa sababu kila ninapoiandika anatoka mchawi wa filamu mwenye bakora inayotoa mwanga, asiyefanana na shehe yeyote aliyewahi kukaa barazani katika mji huu. Elimu yake niijenge juu ya nini ili msomaji wa pwani aiamini, na baada yake kibaki nini?

Mtu wa Kaskazi:
Waaleikum salaam, ndugu yangu. Bakora itupe. Watu wa pwani walikuwa wakiishi ndani ya miaka miwili kwa pamoja. Mwaka wa hijria, wenye siku 354 au 355, uliongoza ibada; mwaka wa jua unaoanza Nairuzi, yaani siku ya mwaka mpya wa pwani, wenye siku 365, uliwaongoza mabaharia na wakulima, kwa kuwa pepo za kaskazi na kusi hazifuati mwandamo wa mwezi. Mwaka huo wa jua ulihesabiwa kwa miongo 36 ya siku kumi kumi, kisha zikabaki siku tano zisizo na mwongo wowote. Mpe mzee wako siku hizo tano. Kama kuna mahali ambapo mtu anaweza kuingia na kutoka katika wakati bila kuguswa na hesabu, ni hapo, nawe hutalazimika kubuni hata istilahi moja.

Bibi Mstaafu:
Mwanangu, usisahau saa za nyota, ambazo wazee wetu walizitazama kabla ya safari na kabla ya ndoa. Mchana, tangu jua kuchomoza hadi kuchwa, hugawanywa saa kumi na mbili, na kila saa hutawaliwa na moja kati ya nyota saba kwa mpangilio huu usiobadilika: Zohali, Mshtarii, Mirihi, Jua, Zuhura, Utaridi, Mwezi, kisha hurudi Zohali. Saa ya kwanza ya Jumapili ni ya Jua, na ukiendelea kuhesabu utakuta usiku unaoingia jioni ya siku hiyo unaanza na Mshtarii. Lakini huo kwetu ni usiku wa kuamkia Jumatatu, kwa maana siku huanza magharibi. Mwanafunzi wa mzee akikosea hapo tu, dawa zote za mwalimu wake zitafanya kazi kinyume, na hicho ni kisa kizima.

Mwana wa Chuo:
Naafikiana na Bibi, ila nina angalizo. Falaki ya kutafuta kibla na nyakati za sala ni elimu yenye heshima, ilhali kubashiri kwa nyota kumepingwa na wanazuoni wengi, na sihiri yenyewe ni haramu. Shehe wa zama zile asingejiita mtu wa sihiri hata siku moja. Wangemwita hivyo mahasidi wake. Mvutano huo uache wazi, usiuamue wewe. Tena si lazima umpe nasaba kubwa, kwani Sheikh Ramiya, aliyefariki mwaka 1931, aliletwa pwani akiwa mtumwa kutoka upande wa Kongo, akawa kiongozi mkubwa wa tarika ya Qadiriyya hapa hapa Bagamoyo.

Mtu wa Kaskazi:
Kuhusu urithi, tumia umri wake. Aliyefariki na miaka 66 kwa hijria ana miaka 64 tu kwa mwaka wa jua. Wanafunzi wa darasani wataandika 66, manahodha watashikilia 64, na mji utauliza ile miwili aliipeleka wapi. Hapo uvumi unazaliwa wenyewe.

Mwandishi wa Dunda:
Nawashukuru sana, hasa kwa hiyo miaka miwili, ambayo nitaifanya iwe mzozo wa siku ya hawli yake, kumbukumbu ya kila mwaka ya kifo chake. Nimebakiwa na swali moja: mswada wake aupate nani? Nilifikiria kumpa ofisa wa Kijerumani aondoke nao.

Bibi Mstaafu:
Usimpe Mjerumani, mwanangu; hiyo ndiyo njia rahisi na kila mtu ataitarajia. Mpe binti yake, aliyekuwa akimsomea hesabu macho ya mzee yalipofifia, na nusu ya kurasa ziwe kwa mwandiko wa binti huyo. Wanafunzi wa kiume watadai ijaza zao, yaani idhini za kufundisha elimu yake, lakini hakuna hata mmoja wao atakayeweza kusema ni ipi hesabu ya shehe na ni ipi ya binti.