Albamu ya kwanza ya Vampire Weekend: "gitaa la Kiafrika" ndiyo gitaa gani? Wahakiki wametuchosha

Wakuu, hili limenikaa kooni na leo nalitema.

Kila inapotajwa albamu ya kwanza ya Vampire Weekend, iliyotoka Januari 29, 2008 chini ya lebo ya XL Recordings, sentensi ni ileile: vijana wanne wa Chuo Kikuu cha Columbia, New York, wamechanganya roki na "magitaa ya Kiafrika" kama Mmarekani Paul Simon kwenye albamu yake ya Graceland. Waliosifu waliandika hivyo. Tovuti ya Pitchfork waliipa 8.8 kwa 10, na jarida la Spin wakaipa bendi ukurasa wa mbele mapema mno. Waliochukia nao waliandika hivyohivyo, ila wao wakaongeza kwamba ni watoto wa kitajiri wanaopora Afrika. Pande zote mbili zinagombania kitu ambacho hakuna aliyejisumbua kukisikiliza.

Wimbo wa nne unaitwa Cape Cod Kwassa Kwassa. Kwasakwasa, jamani! Dansi ya Kinshasa ya miaka ya 1980, ile ya Pepe Kalle na Kanda Bongo Man, iliyojaza kumbi Nairobi na Dar mpaka asubuhi. Bendi imeandika anwani juu ya bahasha kwa herufi kubwa, na bado mhakiki kaipeleka barua Johannesburg.

Maana Graceland ya 1986 ni Afrika Kusini. Ilianza kurekodiwa Johannesburg mwaka 1985. Gitaa ni Ray Phiri, besi ni Bakithi Kumalo, dramu ni Isaac Mtshali. Msingi wake ni mbaqanga, dansi ya mjini ya Afrika Kusini, na ndugu zake: besi iko mbele na inaimba kama mtu, kodiani ya Kisotho inafungua albamu, sauti za Ladysmith Black Mambazo zinabeba kwaya. Unasikia wapi besi ya namna hiyo kwa Vampire Weekend? Chris Baio anapiga besi safi, lakini inakaa nyuma na kushika njia. Hata kodiani hamna.

Sasa bolingo, yaani dansi ya Kikongo, inavyojengwa, kwa wale wanaoandika bila kujua. Magitaa hayapungui matatu. Rizimu, gitaa la mdundo, inashika kodi (chords) na haihami. Mi-solo inakaa katikati, inarudia kipande kifupi bila kuchoka, na ndiyo inayofanya mguu usitulie. Solo inapanda juu, freti ya saba kwenda mbele, nyuzi nyembamba, sauti safi isiyo na mkwaruzo. Wimbo unaanza taratibu kwa rumba, halafu unakatika na kuingia sebene: dramu inabadilika, snea (ngoma yenye mlio mkali) inaingia kwenye kavacha, mdundo unaohusishwa na Meridjo Belobi wa Zaiko Langa Langa, na kuanzia hapo waimbaji wanapisha magitaa. Alichofanya Kanda Bongo Man ni kuitupa ile sehemu ya taratibu na kuingia sebene moja kwa moja, huku Diblo Dibala akiwa kwenye solo.

Chukua vipimo hivyo, sikiliza Cape Cod Kwassa Kwassa. Gitaa la Ezra Koenig ni safi, liko juu, linazunguka kwenye kipande kilekile: hiyo ni tabia ya mi-solo, na wanastahili kuambiwa hivyo. Lakini mwendo ni wa polepole. Sebene haipo. Kavacha haipo. Gitaa la pili la kujibizana na la kwanza halisikiki kwa namna ya Kinshasa. Dakika tatu na nusu zinaisha bila wimbo kubadilisha gia hata mara moja. Ni wimbo mzuri wa pop uliochota ladha moja ya bolingo, basi. Mhakiki angeandika sentensi hiyo moja tu, tungemheshimu.

Na nyimbo nyingine? A-Punk ni panki ya haraka yenye filimbi ya kinanda cha Mellotron. M79, jina la basi linalokatiza Central Park, ina fidla na kinanda cha zamani cha Ulaya. Walcott, Campus, Oxford Comma: ni roki ya chuo, imepangwa vizuri na Rostam Batmanglij aliyekuwa prodyuza. Nyimbo ni 11, dakika kama 34. Kuipaka albamu nzima rangi ya "Afrika" kwa sababu gitaa halina mkwaruzo ni uvivu. Kwani gitaa safi ni la Kiafrika popote linapolia?

Najua mtaniletea hoja kwamba bendi wenyewe waliuita muziki wao "Upper West Side Soweto", yaani Soweto ya mtaa wao wa New York. Kweli waliuita, na wamechangia kuchanganya watu, siwatetei hapo. Lakini kazi ya mhakiki ni kusikiliza, si kunakili utani wa bendi.

Kinachoniuma zaidi ni hili. Ndani ya Cape Cod Kwassa Kwassa limetajwa jina la Peter Gabriel, mwanamuziki wa Uingereza, na wahakiki wakalishangilia kama fumbo la wasomi. Lebo ya Peter Gabriel, Real World, ndiyo iliyotoa albamu za Remmy Ongala na Super Matimila kutoka Dar es Salaam mwaka 1989 na 1992. Mzaliwa wa Kongo, anaimba Kiswahili, na sebene imo. Uzi ulikuwa mikononi mwao, ungewafikisha kwa wapigaji wenyewe wenye majina. Hakuna aliyeuvuta. Na wale waliolia "uporaji" ndio walionisikitisha kabisa: unamtetea vipi aliyeibiwa bila kumtaja jina, wala mji wake, wala alichoibiwa?

Na sisi? Waandishi wetu wa burudani wanatafsiri "African guitars" na kuweka "miondoko ya Kiafrika". Msomaji wa Kiswahili kakulia kwenye bolingo, anajua solo na rizimu kuliko huyo mhakiki unayemnakili! Kabla hujaandika, sikiliza mara tatu: mara ya kwanza fuata besi peke yake, ya pili hesabu magitaa na uone kila moja linafanya nini, ya tatu subiri kama wimbo unakatika. Ukimaliza, utajua kama ni mbaqanga, benga au sebene.

Jibu la 1
Mkuu umesema kweli, ila ongeza suala la nyuzi. Wako wapiga mi-solo wa Kongo wanaotoa uzi wa nne (noti ya re), wanaweka uzi mwembamba kama wa kwanza na kuufunga re ya juu, oktava moja zaidi. Unachukua uzi wa kwanza wa kawaida, badala ya kuupandisha mi unaishia re, sauti moja chini. Ule mlio wa kengele unatoka hapo. Wengi wanaoiga wanahangaika na kapo (kibano cha shingo ya gitaa) na spidi ya vidole, halafu wanashangaa mbona hailii. Kwa Vampire Weekend siusikii kabisa huo mlio.

Jibu la 2
Nakubaliana na yote isipokuwa moja. Mansard Roof, wimbo wa kwanza, gitaa lake nalo lina harufu ya huku kwetu. Usiibakize Cape Cod peke yake.

Mleta uzi
Nimeirudia sasa hivi, mkuu. Gitaa ndiyo, nakupa. Dramu hapana: Chris Tomson anapiga roki mwanzo mwisho.