MJADALA: Brod alifanya vyema kutomchomea Kafka maandishi yake. Je, na barua tuzisome?

Mleta mada: Wakuu, nina hoja ambayo anayemsoma Franz Kafka, mwandishi wa Prague aliyeandika kwa Kijerumani, hawezi kuikwepa.

Kafka alifariki tarehe 3 Juni 1924 katika sanatoria ya Kierling, karibu na Vienna. Kifua kikuu kilikuwa kimeshamshika koo, na bado mwezi mmoja atimize miaka 41. Katika meza yake ya Prague, rafiki yake Max Brod alikuta maagizo: shajara, miswada, barua, vyote vichomwe bila kusomwa. Brod hakuchoma. Mwaka 1925 akatoa Der Process, 1926 Das Schloss, 1927 Amerika. Riwaya zote tatu zilizompa Kafka jina, mwenyewe alitaka ziwe majivu.

Wapo wanaosema Brod alikula amana ya marehemu. Mimi namtetea. Alieleza kwamba alishamwambia Kafka angali hai: mimi sichomi. Na Kafka alikuwa na udaktari wa sheria, tena kuanzia 1908 hadi 1922 alikuwa mtumishi wa taasisi ya bima ya ajali za wafanyakazi. Mtu wa aina hiyo akitaka karatasi zake zichomwe, hamwachii kazi hiyo aliyekwisha kuikataa.

Ninachopinga ni barua. Felice Bauer, aliyechumbiwa na Kafka mara mbili, mwaka 1955 aliuza barua alizoandikiwa na Kafka, zikachapishwa 1967. Siku hizi ukisoma uhakiki wa hadithi ya Kafka Die Verwandlung unakutana na mzee Hermann, baba yake, uchumba uliovunjika na mapafu mabovu, kana kwamba Gregor Samsa, mhusika mkuu wa hadithi hiyo, ni Kafka aliyebadilishiwa jina. Ile barua ndefu ya 1919 kwa baba yake haikumfikia baba mwenyewe, lakini wanafunzi wanapewa waisome kabla ya hadithi! Huo ni uvivu. Tusome kazi, barua tuwaachie wahariri.

Anayepinga alete hoja, matusi hapana.

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, umeanza vizuri ukajikwaa njiani. Maagizo yale hayakutenga riwaya na barua. Kama yamevunjika kwa Der Process, kwa kipimo gani yasimame kwa barua? Halafu hadithi yake Das Urteil iliandikwa usiku mmoja, wa tarehe 22 kuamkia 23 Septemba 1912, siku mbili tu baada ya Kafka kumwandikia Felice kwa mara ya kwanza. Hadithi yenyewe kamtunukia yeye. Usiku huo tunaujua kwa sababu ya shajara. Ukifunga shajara na barua, hata kujua kipi kilitangulia kipi utashindwa.

Mchangiaji wa pili: "Tusome kazi" ni rahisi kusema. Kazi ipi? Der Process iliachwa sura mojamoja, haijakamilika. Aliyezipanga ni Brod. Jina Amerika ni la Brod pia, Kafka alikuwa akiiita Der Verschollene. Ilibidi Malcolm Pasley wa Oxford na wenzake warudi kwenye miswada yenyewe, ambayo sehemu kubwa iko maktaba ya Bodleian tangu 1961, ndipo Das Schloss ikatoka upya 1982. Kwa hiyo miaka mingi watu walikuwa wakimsoma Kafka kwa mkono wa Brod.

Mchangiaji wa tatu: Mnajadili kana kwamba kuna anayetaka kuchoma. Karatasi alizobaki nazo Brod zilikwenda kwa katibu wake, Esther Hoffe. Mwaka 1988 mswada wa Der Process ukauzwa mnadani London, ukaenda kwenye hifadhi ya fasihi ya Marbach, Ujerumani. Zilizosalia zikaliliwa mahakamani hadi 2016, Mahakama Kuu kabisa ya Israeli ilipoipa ushindi Maktaba ya Taifa kule Jerusalem. Sikusikia upande hata mmoja ukileta kiberiti.

Zipo karatasi ambazo kweli hazijasomwa: zile alizokuwa nazo Dora Diamant, mwenzi wake wa mwisho. Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi, walizichukua Berlin mwaka 1933, hazijaonekana hadi leo. Yaani waliomtimizia Kafka agizo lake ni Gestapo. Na Ottla, dada yake mpendwa, aliuawa katika kambi ya Wanazi ya Auschwitz 1943. Barua alizoandikiwa na kaka yake zilisalimika. Nani mwenye haki ya kuniambia nisizisome?

Mleta mada: La Ottla ni zito, silibishi. Tarehe nazo zina kazi yake kwa wahariri, na hilo nilishalisema. Swali langu ni la msomaji. Nionyesheni mahali pamoja ndani ya hadithi ambapo nikikosa Felice nakosa maana.

Mchangiaji wa kwanza: Das Urteil. Mchumba wa Georg Bendemann, mhusika mkuu, anaitwa Frieda Brandenfeld, F.B. kama Felice Bauer. Hiyo si ndoto ya wahakiki. Kafka mwenyewe aliiandika kwenye shajara Februari 1913, alipokuwa anasahihisha hadithi kabla ya kuchapwa. Akahesabu hadi herufi: za Georg zinalingana kwa idadi na za Franz, na za Bende, mwanzo wa jina Bendemann, zinalingana na za Kafka. Mchezo kauanza mwenye hadithi.

Mleta mada: Kaugundua baada ya kuandika, mkuu, akauweka kwenye shajara aliyotaka ichomwe. Ndani ya hadithi baba anamhukumu mwana afe maji, mwana anakimbilia mtoni. Herufi hukuzihitaji hapo, wala mimi.