Mjadala: Mnaosema "tuzae tu, ardhi ipo", Ester Boserup mmemsoma nusu

Wakuu, heshima kwenu.

Juzi kijiweni iliibuka tena ile hoja isiyozeeka. Mmoja anasema nchi kubwa hii, tuzae tu. Mwenzake akamrushia sensa: 1967 tulikuwa milioni 12 na ushei, 2022 tumehesabiwa 61,741,120, na mashamba ya babu ni yaleyale. Yule wa kwanza akatoa turufu: "Kuna mama mmoja wa Kizungu, mchumi, alishathibitisha kwamba watu wakiongezeka na chakula kinaongezeka." Nikamuuliza jina. Hakulijua, ila hoja aliishika kama aya.

Mama mwenyewe ni Ester Boserup wa Denmark. Sijui ni lini alifika vijiweni kwetu, lakini tangu 2018, Rais Magufuli aliposema kule Meatu kwamba wanaotumia uzazi wa mpango ni wavivu, nimekuwa nikimsikia akitumiwa bila kutajwa. Ninachodai leo ni kimoja. Ukimtumia Boserup kutetea familia kubwa, taja vitabu vyake viwili. Cha kwanza kinasema watu wakibanana hupata namna ya kuvuna zaidi. Cha pili kinakuonyesha mgongo wa nani unailipia namna hiyo.

Kwanza mtu mwenyewe. Alizaliwa Copenhagen 1910. Baba yake, mhandisi, alifariki binti akiwa na miaka miwili. Aliolewa na Mogens Boserup, mchumi mwenzake, akiwa bado anasoma, akamaliza shahada Chuo Kikuu cha Copenhagen 1935. Alifanya kazi serikalini hata Wajerumani walipoikalia nchi yake, 1947 akahamia Geneva kwenye ofisi za Umoja wa Mataifa, 1957 akaenda India, na miaka ya 60 akaishi Senegal. Uprofesa hakuupata popote. Aliandika kwa kuona na kwa kuchimba ripoti za wengine. Watoto wake ni watatu, kwa mtakaouliza. Alifariki 1999.

India ndiyo iliyompindua. Wachumi wa wakati ule waliamini vijiji vya Asia vimejaa watu wasio na kazi, kiasi kwamba hata ukiwaondoa wengi mavuno hayatapungua. Yeye akafika akakuta watu wameinama mashambani kutwa msimu ukiwadia. Mwaka 1965 akatoa kitabu chembamba kuhusu namna kilimo kinavyokua, akamgeuza Malthus kichwa chini miguu juu. Malthus, mchungaji wa Kiingereza, aliandika 1798 kwamba chakula ndicho kinachoweka kikomo cha watu. Boserup akasema watu ndio wanaokilazimisha kilimo kibadilike. Ardhi ikiwa tele, unafyeka, unachoma, unalima misimu miwili, unahama, unauachia msitu miaka 20 au zaidi urudi. Mkiongezeka, shamba linapumzika miaka 6, baadaye mwaka mmoja, mwishowe halipumziki. Na kila hatua inakuja na kazi zake. Majivu hayatoshi tena, tafuta samadi. Nyasi zimevamia, palilia mara mbili. Mteremko unakwenda na mvua, piga matuta.

Hapa ndipo wapiga debe wanapofunga kitabu. Boserup aliandika wazi kwamba katika safari hiyo mavuno ya kila saa ya kazi kwa kawaida yanashuka. Eka inatoa zaidi kwa sababu mtu anatoa jasho zaidi. Mkulima mwenye mapori anayekataa ushauri wa bwana shamba amepiga hesabu ya saa zake, na hesabu yake ni sahihi.

Mfano mzuri ni Ukara, kisiwa cha Ziwa Victoria ambacho wengi wetu tulikisikia Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere kilipozama. Wataalamu wa kilimo walikijua zamani kwa jambo jingine. Wakara wanafungia ng'ombe ndani na kuwakatia majani, samadi inabebwa hadi shambani, marejea yanapandwa ili yafukiwe kuwa mbolea. Ila Mkara huyohuyo akihamia bara penye ardhi ya kutosha, kazi ile huiacha. Ujuzi anao kichwani. Kinachokosekana ni sababu ya kujitesa.

Sasa nije kwetu, maana mimi ni mtoto wa Umatengo, Mbinga. Wazee wetu walibanwa milimani katikati ya karne ya 19, Wangoni walipokuwa wanatawala mabonde. Ardhi ni mteremko mtupu, ukilima ovyo mvua moja inalishusha shamba mtoni. Wakatengeneza ngoro. Mwanaume anafyeka nyasi za shamba lililopumzika, zikikauka anazipanga chini kwa mistari inayokatana, zinatokea miraba kama ya ubao wa bao la dama, kila mraba mita moja na nusu hivi. Kisha anaingia mwanamke na jembe la mkono. Anasimama katikati ya mraba, anachimba, udongo anaurusha juu ya zile nyasi pande zote nne mpaka zifunikwe. Alipokuwa amesimama pamekuwa shimo, kingo zimekuwa tuta lenye mboji ndani. Maharage yanapandwa kwenye tuta mwezi wa 3, mwaka unaofuata mahindi. Mvua ikija inatulia kwenye mashimo. Ukiangalia mlima kutoka upande wa pili unaona kama sega la nyuki.

Watafiti wanaisifu ngoro, na inastahili. Boserup angeiweka kwenye kitabu chake cha kwanza bila kubadili nukta. Lakini hebu rudia kuisoma aya iliyopita, halafu uhesabu nani amefanya nini. Kupanga nyasi ni kazi ya siku chache. Kuchimba ni mashimo mamia kwa mamia, moja moja, mgongo ukiwa umekunjwa. Na ilipokuja kahawa ikawa zao la baba, fedha yake ikawa ya baba.

Hicho ndicho kitabu cha pili, cha 1970, kuhusu nafasi ya mwanamke katika maendeleo ya uchumi. Aligawa dunia kwa zana. Penye jembe la mkono, sehemu kubwa ya Afrika, mwanamke ndiye mkulima. Penye plau, yaani jembe la kukokotwa na wanyama, mwanaume ndiye anayeshika mpini na mwanamke anasogezwa nyumbani. Hata ndoa akaisoma humo: penye jembe la mkono mwanaume anatoa mahari kwa sababu anachukua nguvu kazi, na wake wengi ni mashamba mengi. Penye plau, kama India kaskazini, mara nyingi upande wa binti ndio unaotoa. (Wajomba mnaopanga bei za mahari, someni hapo.) Mwaka 2013 wachumi Alesina, Giuliano na Nunn walipima dai hilo kwa takwimu za nchi nyingi, wakakuta jamii zilizotoka kwenye plau mpaka leo zina wanawake wachache zaidi kazini nje ya nyumba.

Pia aliwashika wakoloni pabaya. Walikuja na picha ya Ulaya kwamba mkulima ni mwanaume, wakampa yeye mbegu, mafunzo, mazao ya biashara na hati ya ardhi. Mwanamke akabaki na jembe lilelile la bibi yake, halafu wakasema hana tija.

Kwa hiyo anayesema "watu wakiongezeka chakula kitaongezeka" anasema, hata kama hajui, kwamba wanawake wataongeza saa za kuchimba. Kama yuko tayari kulisema hivyo hadharani, sawa, tujadili. Naomba kuwasilisha.

MCHANGIAJI, MACHAKOS:

Bwana mleta mada, habari zako. Huwezi kuongea Boserup bila kuja kwetu Ukambani, Kenya. Miaka ya 1930 maofisa wa kikoloni walikuwa wanaandika kwamba ardhi ya Machakos imekwisha, ni makorongo na mawe. Wakati huo tulikuwa kama watu 240,000. Kufika mwisho wa miaka ya 1980 tulikuwa karibu milioni 1.4, na vilima vilikuwa na matuta, miti imerudi. Watafiti Tiffen, Mortimore na Gichuki waliandika kitabu kizima 1994 kuonyesha kwamba watu waliongezeka na mmomonyoko ukapungua.

Lakini nakuunga mkono upande mmoja na kukupinga mwingine. Wanaume wengi walikuwa Nairobi wakitafuta mshahara, matuta yakachimbwa na vikundi vya mwethya, vya kusaidiana kazi, na wengi humo walikuwa akina mama. Hapo umesema kweli. Ila bila Nairobi kuwa hapo karibu, bila kahawa na mboga za kuuza, bila ile pesa ya mshahara kurudi nyumbani kununua jembe na ng'ombe, yale matuta nani angeyachimba? Kubanana peke yake hakutoshi. Kuna mahali watu wamebanana na ardhi ikafa kweli. Kitabu cha 1965 soko kimeliweka pembeni mno.

MCHANGIAJI WA PILI:

Mkuu, umetukemea kwamba tumesoma kimoja, na wewe umeishia viwili. Kuna cha 1981, kuhusu idadi ya watu na mabadiliko ya teknolojia. Humo mama anasema watu wakiwa wachache na wametawanyika, barabara, reli, shule, umeme, vyote vinakuwa ghali kwa kila kichwa, na hiyo ni sababu mojawapo ya Afrika kuchelewa. Hoja hiyo haina mgongo wa mwanamke ndani yake. Kijiji cha kaya 40 hakipati nguzo ya umeme, mji wa watu 40,000 unapata. Sisi tunaosema tuongezeke tunaongelea miji na soko, hatuongelei mashimo ya Mbinga. Tena kwa taarifa yako, hao Wamatengo si walishashuka kwenda kulima mabonde ya miombo milima ilipojaa? Mbona hukusema?

MCHANGIAJI WA TATU:

Kaka, andiko zuri, na nakupongeza kwa kumtaja mwanamke aliyefanya kazi. Ila mnamfanya malaika. Mwaka huohuo wa 1981 wachumi Lourdes Benería na Gita Sen walimkosoa vikali. Boserup aliona tatizo ni kwamba maendeleo yalimwacha mwanamke nje, kwa hiyo dawa ni kumsomesha na kumwingiza. Wao wakasema hajawahi kuwa nje. Yumo ndani ya uchumi huo muda wote, ila kwa masharti mabaya, kazi yake ndiyo inayofanya ya mwanaume iwe rahisi.

Na la pili, ambalo na wewe umeliruka: Boserup alihesabu zaidi saa za shambani. Maji, kuni, kupika, kuuguza, na hiyo mimba yenyewe mnayoijadili hapa kama takwimu ya sensa, alivipa nafasi ndogo. Umetuonyesha mama anachimba ngoro kama vile ana mwili wa kuchimbia tu. Nakuuliza kwa heshima: hayo mashimo yalichimbwa akiwa na mimba ya ngapi?

MLETA MADA:

Ndugu wa Machakos, nakubali kuhusu soko. Hata kwetu ngoro na kahawa vilikwenda sambamba: ngoro ililisha nyumba, kahawa ikalipa ada. Ningeliandika hilo kwa uzito zaidi.

Mchangiaji wa pili, umenishika kwenye miombo. Ni kweli watu walishuka, na huko chini wengi wakaanza upya kufyeka na kuchoma, kama Mkara aliyehamia bara. Linamtetea Boserup wa 1965, ila linakuuliza na wewe: tukiwa milioni 120, mteremko wa kushukia ni upi? Kuhusu cha 1981, hoja ya nguzo ya umeme naikubali kwa mji. Siikubali unapoileta kijijini kwenye kaya yenye ekari mbili, ambako mtoto wa saba hapati nguzo, anapata kipande cha tuta. Nionyeshe mji unaompokea huyo mtoto akiwa na kazi, nitabadilisha kichwa cha mada hii mwenyewe.

Dada, swali lako lilinikosesha usingizi, nikaona nisijibu kwa kubuni. Jana jioni nilimpigia mama simu Mbinga. Nikamwambia kuna mtu ananiuliza hivi na hivi. Alicheka sana, akauliza huyo mtu ana watoto wangapi. Kisha akaanza kuhesabu kwa miaka ya mashamba, siyo kwa majina yetu: shamba la mtoni, shamba la juu, lile lililopelekwa na mvua. Sisi ni saba, mimi wa tano. Akasema mwaka wangu maharage yaliwahi, ngoro zilimalizika mwezi wa 3, na mimi nikazaliwa mwezi wa 4. Nikamuuliza alisaidiwa na nani. Akasema, "Bibi yako alichimba mstari wa chini, kule kusiko na mteremko mkali, maana naye mgongo ulikuwa umeshaanza."